Meneja wa uzalishaji wa filamu Latvia: kazi yake hasa ni ipi?

Mdau_wa_Skrini: Wakuu, naomba kueleweshwa. Mwisho wa filamu jina lake linapita huku watu wanainuka kuondoka. Meneja wa uzalishaji wa Latvia anafanya nini, na enzi za Kisovieti ilikuwaje?

Mzee_wa_Rili: Enzi hizo Studio ya Filamu ya Riga, mji mkuu wa Latvia, ilikuwa ya serikali, hivyo kusaka mfadhili haikuwa kazi ya meneja. Kichwa kilimuuma kwa vitu: magari, vyumba vya hoteli, mita za ukanda wa kurekodia filamu. Ukanda wa Kodak ulinunuliwa kwa fedha za kigeni, ukagawiwa kwa kubana. Waigizaji nao wengi waliajiriwa kwenye majumba ya tamthilia, kwa hiyo ratiba ilizunguka maonyesho yao ya jioni. Kazi nyingine ilikuwa kupokea studio za nje ya Latvia zilizokuja kupiga picha: mtaa wa Jauniela, Riga, umeigiza Bern ya Uswisi na hata Baker Street ya London.

Dada_Ratiba: Mkuu, umesahau jua! Mwishoni mwa Desemba mwanga wa mchana haudumu hata kwa muda wa saa saba, kwa hiyo scene za nje zinapangwa kwanza, za ndani zinasubiri. Juni kinyume chake: jua linazama saa 4 usiku na ushei, na giza kamili halifiki mpaka linachomoza tena. Anayepanga scene ndefu za usiku Juni hajui anachofanya, zisogeze Septemba. Tena sheria ya kazi inadai mapumziko ya saa 12 mfululizo, ukimaliza alfajiri usiwaite watu mchana.

Baridi pia ina mambo yake. Betri zikae ndani ya koti. Kamera ifungwe kwenye mfuko wa plastiki ukiwa bado nje, na isifunguliwe mpaka ipate joto la chumba, la sivyo lenzi inashika ukungu.

Mdau_wa_Skrini: Shukrani dada. Na pesa siku hizi?

Mzee_wa_Rili: Baada ya Latvia kujitenga na Usovieti 1991, ruzuku ya serikali inapitia Kituo cha Taifa cha Filamu. Wageni wanavutwa na marejesho ya sehemu ya gharama; Riga ilianzisha mfuko wake 2010. Tatizo ni kwamba pesa hiyo inakuja baada ya hesabu kukaguliwa, wakati mishahara inadaiwa leo. Meneja anatafuta mkopo wa kuziba pengo, na kila risiti aikague siku ileile, maana yanayohesabiwa ni matumizi yaliyofanyika Latvia tu. Risiti yenye jina la kampuni lililokosewa itakataliwa.