Jina THURAYA lina maana gani hasa? Mama mkwe kalitaka, mama mzazi kashindwa kulitamka

Baba_K_Moro ameandika:

Habari za usiku wakuu. Naomba msaada na muda ni mfupi, akika ni Ijumaa.

Mke wangu kajifungua salama mtoto wa kike, Alhamdulillah. Mimi kwetu Songea, mke kwao Unguja na nusu ya ukoo wao uko Maskati. Tunaishi Morogoro. Mama mkwe kapiga simu toka siku ya kwanza: mtoto aitwe Thuraya, jina la shangazi yake aliyemlea. Mke kakubali, mimi sina neno. Shida ni kwamba kila ninayemuuliza maana ananipa jibu lake. Ukurasa mmoja mtandaoni umeandika "nyota", wa pili "taa ya kuning'inia", wa tatu "malkia mwenye bahati". Kazini wamenicheka, wanasema nimempa mtoto jina la simu ya setilaiti. Mama yangu mzazi kajaribu kulitamka kwenye simu, likatoka Sulaya, akakata tamaa akasema atamwita Bibi tu.

Halafu ustadhi wa mtaani kwetu kanitia wasiwasi. Anasema hilo ni jina la nyota, mambo ya kijahilia, tumpe Fatma au Khadija tupumzike. Sibishani na mtu wa dini, ila nataka kuelewa kabla sijampigia mama mkwe simu ya kumwambia hapana. Nyie mnaomjua mama mkwe wa Kiunguja mnanielewa.

Anayejua kweli anisaidie. Mambo ya kunakili toka kurasa za majina ya watoto nimeshayasoma yote.

---

Fundi_Antena:

Hongera mkuu. Huyo binti hatakosa mtandao hata mkimpeleka katikati ya Selous 😂

---

BiMwalimu_Mstaafu:

Hongera baba mtoto, Mungu amkuze na awape riziki yake. Mimi nimesomesha Kiarabu skuli za Unguja mpaka nikastaafu, na akina Thuraya wamepita darasani kwangu, wengine wametulia na wengine hawasemeki. Kwa hiyo usitarajie jina likufanyie kazi ya malezi.

Nyota ndiyo jibu. Hayo mengine yote yamezaliwa na nyota. Tena si nyota moja, ni kundi la nyota zilizobanana, ambalo sisi wenyewe tunalo jina lake, KILIMIA. Mwezi huu wa Januari, saa tatu usiku kama hakuna mawingu, toka uani utazame kaskazini, juu sana. Utaona kijifundo cha nyota ndogo ndogo. Mwenye macho ya kawaida huhesabu sita, mwenye macho makali saba. Galileo alipoelekeza darubini yake huko mwaka 1610 alichora zaidi ya thelathini. Hicho ndicho alichokitaja mama mkwe wako.

Neno lenyewe limetoka kwenye mzizi wa wingi na utajiri, ule ule wa *tharwa*, mali, na wa jina la kiume Tharwat. Likawekwa katika umbo la kudogosha, ambalo Waarabu hulitumia pia kwa mapenzi. Majina ya umbo hilo unayajua: Rukia, Sumaiya, Juwairia. Kwa hiyo Thuraya ni kama kusema "kiwingi kidogo", kitu kidogo kilichojaa. Wapo wanaosema ni kwa sababu nyota zake ni nyingi mahali padogo, na wapo wanaosema ni kwa sababu mvua za msimu wake zilileta neema kwa wafugaji. Mimi naona sababu zote mbili zinakaa pamoja bila ugomvi.

Taa: ni kweli, kwa Kiarabu taa kubwa ya kuning'inia yenye taa nyingi ndani yake huitwa *thurayya*. Lakini taa ndiyo iliyoazima jina la nyota. Malkia: huo ni uvivu wa waandishi wa kurasa hizo. Waajemi hulitamka Soraya, na wamepata kuwako malkia wawili wa jina hilo, Soraya Tarzi wa Afghanistan, mke wa Amanullah, na Soraya wa Iran aliyeolewa na Shah mwaka 1951 na kuachwa 1958 kwa kukosa mtoto. Mtu kaona malkia wawili akaandika kuwa jina maana yake malkia. Kwa hesabu hiyo Elizabeti nalo lingekuwa malkia. Simu: kampuni ya Falme za Kiarabu iliyoanzishwa 1997. Nayo imechukua jina kwa sababu setilaiti iko juu. Waambie wa kazini hivyo.

Sasa ustadhi. Nina hakika ana nia njema, na anachokiogopa kina asili. Baada ya mvua ya usiku kule Hudaibiya, Mtume (S.A.W.) aliwakataza watu kusema "tumenyeshewa na nyota fulani", kwa maana mvua inatoka kwa Mungu. Waarabu wa kale walizigawa nyota kwa misimu, wakafika mpaka kuziita ndizo zinazonyesha. Hilo ndilo lililokatazwa. Kumwita mtoto jina la nyota ni jambo jingine kabisa, na kama ni haramu basi akina Zuhura, Badru, Hilali, Shamsa na Suheli wote waitwe msikitini wabadilishwe majina. Mtume mwenyewe alibadilisha majina yenye ubaya au ya kujisifu: Asiya mwenye maana ya muasi akamwita Jamila, Barra akamwita Juwairia. Ati Thuraya lina ubaya gani?

Na kama ustadhi anataka Thuraya ndani ya dini, asiende mbali. Bukhari na Muslim wamepokea kwamba iliposhuka Sura ya Jumua, Mtume aliweka mkono juu ya Salman Mfursi, sahaba wake Mwajemi, akasema lau imani ingekuwa kwenye Thuraya, wangeifikia watu katika hawa. Mfano wa kitu cha juu kisichofikika, na kwa nini hasa Thuraya? Kwa sababu kila msikilizaji wa Madina aliijua. Waarabu mpaka leo wakitaka kusema vitu viwili haviwekwi pamoja husema "wapi *thara* na wapi *thurayya*", wapi udongo na wapi kilimia. Na katika aya ya kwanza ya Sura ya Najm, wapo wafasiri, Mujahid miongoni mwao, waliosema hiyo "nyota inapotua" ni Thuraya, maana Waarabu wakisema "ile Nyota" bila kuitaja, waliikusudia hiyo.

Ninayoipenda mimi lakini ni habari ya tende. Watu wa Madina walikuwa wanauziana matunda yakiwa bado machanga mtini, halafu ugonjwa unaingia, tende zinaharibika, mnunuzi na muuzaji wanashikana mashati mbele ya Mtume. Akawakataza kuuza kabla matunda hayajaonyesha kukomaa. Zaid bin Thabit, yule mwandishi wa wahyi, alikuwa hauzi matunda ya shamba lake mpaka Thuraya ichomoze, ili ya manjano ijulikane mbali na nyekundu. Imo Bukhari, kitabu cha biashara. Kuchomoza kunakosemwa ni kule kwa alfajiri, mwanzo wa joto, baada ya Thuraya kupotea machoni kiasi cha siku arubaini kwa kuwa karibu na jua. Basi jina hili kwa mkulima wa Hijazi lilikuwa na harufu ya tende zinazoiva na soko lililofunguliwa kwa haki. Ukurasa gani wa majina ya watoto umekuandikia hilo?

Wafugaji nao walikuwa na semi zao za vina: nyota ikichomoza wakati wa isha, mchungaji hutafuta nguo ya kujifunika, ikichomoza alfajiri, hutafuta kiriba cha maji. Baridi na kiangazi, vyote kwa nyota moja.

Nimeandika sana, chai imepoa. Usisahau kumpa salamu mama mkwe.

---

Mkulima_wa_Handeni:

Bi Mwalimu heshima yako. Naongeza la kwetu. Wazee walikuwa wakisema *kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua*. Ndiyo hiyo hiyo kupotea siku arubaini anayoisema. Mwezi wa tano kinazama magharibi masika yakiwa bado yanaendelea, kikirudi alfajiri mwezi wa sita unakuta umande na baridi, mvua imekwisha. Jina lenyewe limetokana na kulima, mtu hahitaji kamusi. Na siyo sisi tu, Wazulu huiita isilimela. Kwa hiyo Baba K, mama yako wa Songea akishindwa Thuraya amwite mjukuu Kilimia, ni mtu yule yule.

---

Fundi_Antena:

Kilimia binti K. Aisee hilo nalo zuri, nalichukua.

---

Mswahili_Maskati:

Salaam kutoka huku. Thuraya ni jina la bibi zetu, kila nyumba yupo mmoja, na sasa limeanza kurudi kwa watoto wadogo. Huku Ghuba kalenda ya nyota haijafa. Karibu na tarehe 7 Juni watu wanasema Thuraya imetoka, maana yake jua la kweli limeanza, na wote tunasubiri nyota ya Suheli itoke karibu tarehe 24 Agosti tupumue. Ukitaka kuiona ile *thurayya* ya taa, nenda Msikiti Mkuu wa Sultan Qaboos, ulifunguliwa 2001. Taa yake ya ukumbi wa wanaume ina urefu wa meta 14. Mgeni akiingia anasahau hata kuangalia zulia.

Swali kwa Bi Mwalimu: si kuna kisa cha Thuraya na Suheli kuoana? Baba alikuwa akikisema nami sikukishika.

---

BiMwalimu_Mstaafu:

Kipo, tena kizuri. Omar bin Abi Rabia, mshairi Mkureshi wa Makka katika karne ya kwanza ya Hijria, kazi yake kubwa ilikuwa kuwasifu wanawake mpaka waume zao wakakosa usingizi. Alimpenda bibi mmoja wa ukoo wa Umayya aitwaye Thuraya. Bibi akaolewa na bwana mwingine, na jina la bwana huyo, kwa bahati yake mbaya, likawa Suheil. Omar akapata silaha bila kuitafuta. Akatunga beti mbili: ewe unayemwoza Thuraya kwa Suheil, watakutana vipi hawa? Huyu akipanda ni wa Sham, na yule akipanda ni wa Yaman. Nyota ya kaskazini na nyota ya kusini. Hakutukana mtu, hakusema bwana ni mbaya, ila ndoa ile inasimangwa mpaka leo na kila mwanafunzi wa fasihi ya Kiarabu.

Mimi nikiwasomesha nilikuwa nawatoa nje usiku wa Januari. Thuraya pale kaskazini, Suheli anang'aa kusini mashariki, na kwetu huku karibu na ikweta Suheli hupanda juu sana kuliko anavyoonekana Makka. Wanafunzi walikuwa wakisema, mwalimu, mbona wanaonana vizuri tu? Nikawaambia mwandikieni Omar.

Kwa hiyo Baba K, binti akikua akaletewa posa na kijana anaitwa Suheli, mjiandae kwa utani.

---

Baba_K_Moro:

Shikamoo Bi Mwalimu. Sina la kusema. Nimemsomea mke wangu yote, mpaka ile ya tende, anacheka hapa. Mama mkwe kwenye simu anasema shangazi yake alizaliwa msimu wa tende, hakujua kama vina uhusiano.

Mawili ya mwisho. Niandike Thuraya, Thuraiya, Thureya au Soraya kwenye cheti? Na kifupi chake nini? Shemeji yangu ameshaanza kumwita Raya.

---

BiMwalimu_Mstaafu:

Marahaba mwanangu.

Andika Thuraya. Thuraiya nayo iko sana Unguja na si kosa, lakini chagua moja leo na hiyo hiyo iende kwenye cheti, kliniki, skuli na pasi ya kusafiria. Nimeona watu wazima wanahangaika na kiapo cha mahakamani kwa herufi moja ya "i". Soraya mwachie Mwajemi. TH tunayo, ni ile ya thelathini na themanini, na mama yako akisema "selasini" basi na Suraya msamehe, mtoto ataitika.

Raya ni jina jingine kabisa, maana yake bendera, na wako akina Raya wengi Zanzibar na Oman wenye jina lao kamili. Si vibaya, ila atakuja kuulizwa. Kwetu tulikuwa tukiwaita Thuu.

Kitu kimoja tu: usimchanganye na Thuwaiba. Huyo ni yule mjakazi wa Abu Lahab aliyemnyonyesha Mtume siku zake za mwanzo. Makarani huyabadilisha majina haya mawili kila siku, kwa hiyo soma cheti kabla hujaondoka dirishani.

---

Mama_Pacha_Tanga:

Bi Mwalimu samahani nadandia. Wangu ni mapacha, Buthaina na Jumana. Nao vipi?

---

BiMwalimu_Mstaafu:

Fungua uzi wako mama, hapa ni kwa Thuraya. Buthaina peke yake atanila usiku mzima, na yule mshairi wake Jamil ana mambo kuliko Omar. Nitakuja kesho baada ya alasiri.