Waarmenia wa Krimea 1944, mbona hawasemwi?

msomakale
Wakuu habari zenu. Nilikuwa nafuatilia ishu ya Watatari, wale Waislamu wa rasi ya Krimea kule Bahari Nyeusi, kuhamishwa kwa nguvu na Stalin Mei 1944, sasa kuna mahali nikakuta kasentensi kamoja tu eti mwezi uliofuata wakabebwa na Waarmenia, basi, stori ikaendelea na mengine. Kwani Krimea kulikuwa na Waarmenia? Na mbona wakitajwa wao ni 1915 tu, yale mauaji ya kimbari waliyofanyiwa na dola ya Waosmani (Uturuki)?

Bi Kumbukizi
Walikuwepo toka zamani mno, monasteri yao ya Surb Khach karibu na mji wa Stary Krym hukohuko Krimea ni ya 1358. Beria, mkuu wa polisi wa siri wa Stalin, alipeleka pendekezo, Stalin akasaini tarehe 2 Juni 1944, mwisho wa mwezi wakazolewa Waarmenia, Wagiriki na Wabulgaria kwa mpigo. Waarmenia walikuwa kama 9,600. Kosa lao eti walishirikiana na Wajerumani, yaani hadi mtoto wa kunyonya msaliti!! Wakapakiwa kwenye mabehewa, wengine Ural na Bashkiria kule Urusi, wengine Siberia, wengine Guryev kule Kazakhstan.

mzee wa reli
Uchache ndo umewaponza. Watatari walikuwa zaidi ya 180,000 kwahiyo habari ya hawa ikamezwa. Ila mimi nasema kilichowafuta kabisa ni 1956, maana walifunguliwa kutoka makazi maalum, yaani kule uhamishoni walikowekwa chini ya ulinzi, lakini kwa sharti wasirudi Krimea na mali wasidai, sasa matanga utayaweka wapi kama kijijini kwenyewe hukanyagi? Na Yerevan, mji mkuu wa Armenia, nayo ilikuwa chini ya Moscow ileile, nani angethubutu kufungua mdomo.

msomakale
Duh. Kwahiyo hata yule mchoraji wa bahari, Aivazovsky, alikuwa Muarmenia wa huko?

Bi Kumbukizi
Muarmenia wa Feodosia huyo, mji wa Krimea, alifariki 1900, kazikwa uani kwa kanisa la Surb Sarkis palepale mjini na kaburi lina maandishi ya Kiarmenia. Yeye anajulikana dunia nzima, majirani zake je? Halafu kinachoniuma zaidi, kati ya waliobebwa 1944 walikuwemo waliokimbia mauaji yaliyofanywa na Waosmani wakaja Krimea kutafuta usalama.

mzee wa reli
Kweli kabisa dada. Na ile amri ya Putin ya Aprili 2014 ya kuwasafisha jina, Waarmenia wametajwa humo, ila imetoka mwezi mmoja tu baada ya Urusi kuichukua Krimea, kwahiyo mimi siipigii makofi.