Mhariri wa filamu ahesabiwe mtunzi? Shahidi wangu ni Marguerite Renoir

Mleta mada:
Wadau, naomba tulijadili hili kwa uwazi. Sheria ya hakimiliki ya Ufaransa ya Machi 1957 iliwataja wanaochukuliwa kuwa watunzi wa filamu: mwandishi wa muswada, aliyeitohoa hadithi, mwandishi wa mazungumzo, mtunzi wa muziki uliotungwa kwa ajili ya filamu hiyo, na mwongozaji. Mhariri hayumo. Nasema alistahili kuwemo.

Marguerite Houllé aliishi na mwongozaji Jean Renoir katika miaka ya 1930. Hawakufunga ndoa, lakini hata walipoachana aliendelea kutumia jina la Renoir kazini. Alihariri La Grande Illusion (1937) na La Règle du jeu (1939), kisha akamhariria Jacques Becker Casque d'or na Touchez pas au grisbi. Lakini kazi ninayoileta hapa ni Partie de campagne. Renoir aliipiga kiangazi cha 1936 kando ya mto Loing, mvua ikamvurugia ratiba, akaiacha na kwenda kwenye filamu nyingine wakati matukio mengine hayajapigwa. Ilipotoka mwaka 1946, mwenyewe alikuwa Marekani. Marguerite ndiye aliyekaa na ile mikanda, akachagua, akakata, akaunga. Palipokosekana tukio pakawekwa maandishi. Ikapatikana filamu ya dakika kama 40, na kwangu mimi haina sekunde ya ziada.

Tazameni sehemu ya bembea. Vijana wawili wako ndani, mezani. Mmoja anafungua dirisha, mwanga unaingia, na kule nje binti wa hadithi, Henriette, anabembea. Mara tuko naye hewani, mara tunarudishwa chini kwa wanaomkodolea macho. Tukae juu na binti kwa muda gani, na turudi lini kwa watazamaji wake? Hayo yaliamuliwa kwenye meza ya uhariri.

Mchangiaji:
Mkuu, nakuheshimu lakini hapo sikubaliani nawe. Dirisha lile alilipanga Renoir. Kamera kupanda bembeani ni uamuzi wa siku ya kupiga picha. Mhariri haungi kisichopigwa. Tukimwingiza yeye, Claude Renoir aliyeshika kamera tutamwambia nini? Halafu sheria yenyewe inasema orodha ile inashika mpaka ithibitishwe vinginevyo. Mlango uko wazi, anayedai aende akathibitishe.

Mleta mada:
Claude naye aingie, sina kinyongo. Ila huo mlango unaousema, mkuu, ni mzito kwa mtu wa chumba cha uhariri. Mwongozaji haambiwi athibitishe chochote. Mhariri anafanya kazi chumbani, na akiifanya vizuri mtazamaji hata haoni palipoungwa. Ushahidi atautoa wapi?

Kwa filamu hii tuna bahati, kwa sababu vipande visivyotumika vilihifadhiwa, na mwaka 1994 vikaonyeshwa kwa jina la Un tournage à la campagne. Unaona shoti ileile inarudiwa tena na tena, waigizaji wakibadilisha kidogo hiki na kile. Zote alizipiga Renoir, hilo sibishi. Lakini kati ya zote hizo, ile tunayoijua ilichaguliwa na mtu, ikapewa urefu wake na jirani yake, na mwongozaji akiwa ng'ambo ya Atlantiki.

Na hapa ndipo ninapotaka jibu la moja kwa moja. Joseph Kosma aliitungia filamu hii muziki wakati huohuo inakamilishwa, miaka kumi baada ya kamera kuzimwa. Kwa kipimo cha orodha ile Kosma ni mtunzi wa filamu, na namvulia kofia, muziki wake ni mzuri sana. Marguerite, aliyeijenga filamu yenyewe ambayo muziki huo uliwekwa juu yake, si mtunzi. Anayeitetea orodha aanzie hapo.