Pointi 40 kila wiki mbili, na kila mara 12 zinabaki

Pwani4: Salaam wadau. Tuko wanne hapa Malindi, tuna kazi tatu: programu ya kuweka nafasi za vyumba hotelini, ya mauzo ya samaki, na tovuti ya shule. Kila wiki mbili tunagawa pointi 40 (pointi ni kipimo chetu cha ukubwa wa kazi): 15, 15, 10. Kila mara 12 hivi hazikamiliki. Tuongeze mtu?

Kusi: Hizo 40 mlizitoa wapi? Tazameni zilizokamilika kweli mara tatu zilizopita. Zikiwa 30, 26 na 28, bajeti yenu ni 28, basi. Kazi iliyofika nusu ni sufuri, msiionee huruma. Wekeni 6 kando kwa hitilafu na simu za dharura, zibaki 22. Halafu acheni huo mgao wa kila mradi kupata chake: mmoja 14, wa pili 8, wa tatu ungoje zamu. Mtu anayerukaruka kati ya miradi mitatu, nusu ya asubuhi anatafuta alipoachia.

Pwani4: Shukran. Na wiki ya Maulidi? Wawili huenda Lamu.

Kusi: Watu 4 kwa siku 10 ni siku 40. Wawili wakikosa siku 5 kila mmoja, zinabaki 30, robo tatu. Bajeti inashuka hadi 21, na akiba itoke humo humo.

FundiKodi: Mimi naona makadirio nayo yana kasoro. Kila kazi ndogo ipeni pointi kwa namba hizi tu: 1, 2, 3, 5, 8, 13. Kila mmoja aandike yake kwa siri, mfunue pamoja. Mmoja akiwa na 3 na mwenziwe 8, hao ndio waanze kusema. Aghalabu mmoja kaona kitu. Kazi ya pointi 13 haiingii, ivunjeni vipande. Malipo ya M-Pesa kwa mfano: kutuma ombi 3, kupokea na kuhifadhi majibu 5, malipo yaliyokatika njiani au kuingia mara mbili 5. Hiyo ya mwisho husahauliwa, na ndiyo inayokula wiki. Kungoja paybili (namba ya biashara ya kupokea malipo) iidhinishwe hakuna pointi, andikeni tarehe tu.

Kusi: Kweli. Na mteja akileta kazi ya pointi 5 katikati, achague nyingine ya pointi 5 itakayotoka. Kuhusu mtu mpya: mwanzoni pointi zitashuka, kwa sababu kuna atakayeacha kazi yake amfundishe.