Naomba mawazo: juu ya nini "wa" inakuwa "ba" fasi zingine tu?

Bakubwa na badogo, yambo. Niko naandika memwari (kazi ya kumaliza masomo) ku UNILU, université ya Lubumbashi, juu ya Kiswahili yetu ya Lubumbashi, upande wa sauti, na kuna kitu kinanisumbua kweli. Kwetu tunasema batu, batoto, bitu, njo kusema wa- imekuwa ba- na vi- imekuwa bi-, lakini hakuna mutu anasema "bapi" mu nafasi ya wapi, ao "bita" mu nafasi ya vita! Kama ingekuwa sheria ya sauti ingeshika maneno yote, kwa hiyo miye naona ni ngeli tu njo imeingia kutoka luga za jirani, Kibemba na Kiluba ziko na ba- yao tangu zamani. Mwalimu anayenifwata anasema hapana, ni sauti.

Halafu kuna s kuwa sh. Bazee ya Katuba, commune moja ya Lubumbashi, banasema "shiku" (siku), "shiye" (sisi), lakini "sasa" na "sukari" zinabakia vile vile, ni mbele ya i tu, na Kibemba pia kinafanya hivyo. Hiyo naikubali kabisa kuwa sheria ya sauti.

Sasa ushauri: hii ba- na hii sh, niviweke mu chapitre moja ao nivitenganishe? Na nirekodi bazee peke yao ao na vijana, juu vijana ya shule wanarudisha s. Batu ba Bukavu na Goma, je "shiku" munaisikia kwenu? Mutumie mifano tafazali, hata ya bibi nyumbani.