Naomba ushauri: masaa matano tu Sitka, Alaska, nimpeleke mama wapi?

Habari zenu ndugu zangu. Naishi Seattle, na Agosti mama anakuja kutoka Pangani. Nimemkatia tiketi ya meli ya kitalii hadi Alaska. Sitka tutashuka kwa masaa matano tu, na hapo ndipo moyo wangu ulipo.

Mama anataka kuona dubu. Mimi natamani pia aione bustani ya kihistoria ya taifa, yenye nguzo ndefu za kuchongwa za Watlingit na Wahaida (wenyeji wa asili wa pwani ile), pale Watlingit walipopigana na Warusi mwaka 1804. Babu yake alikuwa fundi wa kuchonga milango. Najua akiziona nguzo zile atashika mdomo. Na Agosti samaki aina ya samoni hupanda mto unaopita humo humo.

Kuna ziara ya basi ya masaa matatu: bustani, kituo cha kutibu tai, na makao ya dubu yatima. Shida ni magoti yake, na mvua ya kule.

Mliowahi kufika, njia za msituni zinapitika kwa mkongojo? Mwongozaji aliye Mtlingit mwenyewe nimpateje? Au niache dubu, tutulie kwenye nguzo? Asanteni sana.