Tupeane uzoefu: mradi mlioibua kwenye mkutano wa kijiji uliishia wapi? (Nyanda za Juu Kusini)

Mwanzisha mada, Uyole

Wakuu, habari za mchana. Muda si mrefu vijiji na mitaa yetu itaanza kuitisha mikutano ya kuibua miradi ya bajeti ijayo. Nikisikia mtu analalamika kwamba mipango ya serikali za mitaa ni ya makaratasi, huwa namuuliza: karatasi ya kwenu ilikwama wapi? Wengi hawana jibu. Tulinyoosha mikono, mtendaji akaandika, mwaka ukapita.

Ibara ya 146 ya Katiba inasema serikali za mitaa zipo ili kupeleka madaraka kwa wananchi. Kwa Sheria Na. 7 ya 1982, kila mkazi mwenye miaka 18 na kuendelea ni mjumbe wa mkutano mkuu wa kijiji. Pale ndipo mradi unapozaliwa. Kisha unapanda kamati ya maendeleo ya kata, wataalamu wa halmashauri, baraza la madiwani, mkoa, TAMISEMI (wizara inayosimamia serikali za mitaa), Bunge, na Julai mosi mwaka wa fedha unaanza. Njiani humo kuna mahali mradi unapona na mahali unakatwa. Naomba visa vyenu wenyewe, si vya kusikia, na tusitaje watumishi kwa majina.

Mchangiaji, mkoa wa Iringa

Kamwene ndugu zangu. Sisi ni zahanati. Mama mjamzito kwetu alikuwa anabebwa kwa pikipiki hadi kata ya jirani, na masika barabara ile haipitiki. Tukakubaliana kila kaya itoe mchango wa fedha, na asiye nazo atoe nguvu kazi. Tofali tulifyatua na kuchoma wenyewe, mawe tukasomba, boma likapanda hadi lenta. Hapo tukaishiwa.

Kila mwaka tuliandika "kupaua zahanati", na kila mwaka haikuonekana kwenye bajeti. Mwishowe mwenyekiti wa kitongoji chetu, mama mmoja asiyekata tamaa, akaomba aoneshwe orodha iliyotoka kata kwenda wilayani. Kijiji chetu kilikuwa na miradi kumi na kitu, zahanati ikiwa ya saba. Juu yake kulikuwa na uzio wa ofisi, kiwanja cha mpira, sijui soko la kisasa. Kwenye mkutano kila aliyesema lake liliandikwa kwa mpangilio wa kusema! Mwaka uliofuata mkutano ulipiga kura, ukapeleka mradi mmoja tu: kupaua na kumalizia zahanati, pamoja na hesabu ya tulichokwisha changa na picha za boma. Tukaingia kwenye fedha za umaliziaji. Leo watoto wanapata chanjo hapo hapo.

Mtendaji mstaafu, Rungwe

Marahaba kwa wote walionisalimu kwenye uzi ule mwingine. Vijana, mjue mambo haya yametoka mbali. Mwaka 1972 ulipokuja mpango wa Madaraka Mikoani, halmashauri zilifutwa na mipango ikawa mikononi mwa watumishi wa serikali kuu waliopelekwa mikoani na wilayani. Wananchi walishirikishwa kwa kuambiwa. Halmashauri za wilaya zilirudi 1984, baada ya sheria za 1982.

Nilipoanza utendaji, nusu ya kazi yangu ilikuwa kukusanya kodi ya maendeleo. Mtu akikuona unakuja anapita mgombani. Sasa mtu huyo huyo utamwitaje mkutanoni apange maendeleo? Mwaka 2003 kodi ile ikafutwa, watu wakapumua, mahudhurio yakawa na nafuu. Lakini halmashauri zilipoteza chanzo walichokisimamia wenyewe, na tangu hapo wilaya nyingi zinaishi kwa ruzuku kutoka juu. Ruzuku inakuja na maelekezo yake. Hili ndilo naliona kiini cha mada: kijiji kinapanga, lakini anayeshika fedha ndiye anayechagua. Wenzetu Kenya, tangu kaunti zao 47 zianze mwaka 2013, Katiba imeziwekea kiwango ambacho serikali kuu haiwezi kushuka chini yake, asilimia 15 ya mapato ya taifa. Sisemi kaunti hazina matatizo. Nasema zinaanza hesabu zikijua kuna kitu.

Halafu kuna hii njia ya kijiji kupanga mipango yake, inaitwa Fursa na Vikwazo, iliyoanza miaka ya 2001 na 2002. Mimi niliipenda kwa jambo moja: wanawake, vijana na wazee walikaa makundi tofauti kabla ya kukutana wote. Kijiji kimoja nilichosimamia, kundi la wanaume lilitanguliza ofisi ya kijiji. Kundi la wanawake lilichora ramani ya njia ya kwenda kisimani, na kwenye ile karatasi kubwa wakaweka alama kila mahali ambapo mtu amewahi kuteleza na ndoo. Walipoibandika ukutani, wanaume wakanyamaza, ofisi ikashuka yenyewe, maji yakashika nafasi ya kwanza. Ukitaka kujua kijiji kinahitaji nini, tenganisha makundi kwanza.

Mkulima wa viazi, Mbeya vijijini

Mzee hapo juu umesema ukweli mtupu. Kwetu kipaumbele ni barabara miaka nenda rudi. Gari la viazi likikwama, dalali anapunguza bei, na gunia linajazwa lumbesa, yaani kupita kipimo, ili kufidia safari. Ushuru wa mazao tunalipa. Mwaka 2017 kiwango kilishushwa kuwa asilimia 2 kwa mazao ya chakula na 3 kwa ya biashara, na mzigo usiozidi tani moja unaovuka halmashauri ukasamehewa, tunashukuru kwa hilo. Ila barabara tuliiandika kwenye mpango wa kijiji mara nyingi na jibu halikuja. Diwani wetu mpya ndiye aliyetufungua macho kwamba tulikuwa tunabisha mlango usio wenyewe.

Mwanzisha mada, Uyole

Hapa niongeze, maana wengi hawajui. Barabara za wilaya ziko chini ya wakala wa TARURA tangu 2017, na maji ya vijijini yako chini ya wakala wa RUWASA tangu 2019. Kwa hiyo mambo mawili ambayo vijiji vyetu huyataja mwanzoni kabisa hayako tena kwenye kapu la mkurugenzi wa halmashauri. Muhtasari wa kijiji lazima ufike na huko. Mkulima, mlifanyaje?

Mkulima wa viazi, Mbeya vijijini

Diwani aliomba mhandisi aalikwe kwenye kikao cha kata, naye akaja. Tukamtembeza hadi kwenye lile korongo. Hatukupata lami wala hatukuiomba, tulipata kalavati mbili na kifusi sehemu korofi. Fuso sasa linafika shambani hata Machi.

Mwalimu, Mbeya

Mimi nina kisa cha upande wa pili. Mwishoni mwa 2021 zilikuja zile fedha za mkopo wa IMF, shilingi trilioni 1.3 kwa nchi nzima, na kwa sehemu yake yakajengwa madarasa 15,000, kila moja kwa shilingi milioni 20. Kata yetu haikuwa imeomba madarasa mwaka ule, ilikuwa imeomba nyumba za walimu. Kwa hiyo kwenye kupanga hatukuhusishwa. Lakini kwenye kujenga tulihusishwa kwelikweli, maana ilikuwa fosi akaunti, yaani ujenzi bila mkandarasi: mafundi wa hapa hapa, kamati ya ujenzi, kamati ya manunuzi na kamati ya mapokezi zote za wananchi.

Nilikuwa kamati ya mapokezi. Bati zilikuja jioni, dereva anataka asainiwe haraka aondoke. Mjumbe mwenzetu, fundi seremala, akashika bati moja akaikunja pembeni kwa vidole, akasema hii si geji 28 tuliyoandika. Hatukusaini. Mzigo ulirudi, keshokutwa ukaja unaostahili. Mkaguzi gani wa wilayani angekuwepo saa ile? Ndiyo maana naamini madaraka yakifika kijijini fedha zinalindwa vizuri zaidi, mradi watu wenyewe wawe na nakala ya kilichoagizwa.

Mama wa kikundi, Mbarali

Nachangia kwa kifupi. Kuna ile mikopo ya asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri, nne wanawake, nne vijana, mbili wenye ulemavu. Ilisimamishwa 2023, ikarudi mwaka uliofuata. Kikundi chetu tulikopa tukanunua mpunga wakati wa mavuno, tukauza bei ilipopanda, tumerejesha wote. Naomba vikundi vinavyokopa na kutawanyika vijue vinawanyima wengine, kwa sababu fedha hiyo inazunguka.

Mchangiaji, Vwawa

Sisi tulipopata mkoa wa Songwe mwaka 2016 safari za Mbeya zilipungua, hilo ni kweli. Ila ofisi ya mkoa kuwa karibu haijabadili ukomo wa bajeti, yaani kiasi cha juu ambacho wilaya inaruhusiwa kupanga. Huo unaletwa na mwongozo kutoka serikali kuu, na mara nyingi kijiji kinaibua miradi kabla ya kujua wilaya ina kiasi gani.

Kijana, Mafinga

Shikamooni wakubwa. Mkutano wa mtaa wetu ni wiki ijayo. Hiyo orodha ya kata na huo ukomo ninavipata wapi? Nikienda naambiwa ni nyaraka za ofisi.

Mtendaji mstaafu, Rungwe

Marahaba mwanangu. Anza kwa mtendaji wa mtaa, omba muhtasari wa mkutano uliopita uone kama mradi wenu uliandikwa na kwa nafasi ya ngapi. Kisha mwone diwani, yeye anakaa kikao cha kata na baraza la madiwani, bajeti iliyopitishwa anayo. Ukizungushwa, andika barua. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016 inampa mwenye taarifa siku 30 za kukujibu. Weka tarehe, bakiza nakala iliyogongwa mhuri wa kupokelewa. Na usiende peke yako, nenda na wajumbe wawili au watatu wa mtaa, mmoja awe mama.